Migongo Miwili ya Tembo

Karakana ya Mawe
4 Machi

Kwa mpwa wangu, Binti Kamusi,

Marahaba. Shikamoo yako nimeipokea nikiwa nimesimama, maana mtu wa cheo changu hapati nafasi ya kukaa. Na ujue kabisa kwamba barua yako imesimamisha kazi. Nilipoifungua, misumeno yote minne ilizimwa, mafundi ishirini na saba wakanyamaza, na mwenye karakana akatoa kichwa dirishani kuuliza, "Kuna msiba?" Wakamwambia, "Hapana bosi, Fundi Mkuu anasoma." Akafunga dirisha taratibu. Hapa, mwanangu, bila mimi jiwe halipasuki.

Hujasikia habari za lile jiwe jeusi? Mashine tatu zilivunjika meno. Nikaitwa. Sikushika hata nyundo, ingawa ndilo jina wanaloniita. Niliinama, nikaligonga kwa kifundo cha kidole, nikaliambia, "Haya, usiniaibishe mbele za watu." Likajigawa vipande arobaini, vikajipanga vyenyewe kuanzia kikubwa mpaka kidogo. Anayebisha aje aone. Tatizo ni kwamba vimeshajengewa.

Sasa turudi kwenye swali lako. Unasema ofisi yenu ya maneno inatafsiri kitabu cha fuwele, yale mawe ya kung'aa yenye nyuso zilizonyooka, kwa ajili ya vyuo, na umekwama kwenye neno "sfenoidi". Hilo neno nimelisoma kwa sauti mara tatu, na mara zote tatu jirani yangu kazini ameniambia pole, akidhani napiga chafya. Ukaniuliza: sisi mafundi mawe tunaliitaje jiwe lenye nyuso mbili zilizoinamiana mpaka zikakutana juu zikafanya ukingo?

Mtoto wa dada yangu, na wewe unalikosea usingizi jambo hilo? Linaitwa mgongo wa tembo. Lilianza kuitwa hivyo kabla tembo wenyewe hawajajua kwamba wana mgongo. Andika, piga muhuri, nenda nyumbani ukapumzike. Ukikwama tena, usihangaike na maprofesa. Niandikie mimi.

Mjomba wako,
Nyundo, Fundi Mkuu

---

Ofisi ya Istilahi, chumba cha nyuma
15 Machi

Shikamoo mjomba,

Nimecheka mpaka mwenzangu wa meza ya pili akaniuliza kama ni barua ya mchumba. Asante kwa kunijibu haraka. Ila naomba usikilize vizuri, maana tatizo langu bado lipo palepale.

Sina umbo moja, mjomba. Ninayo mawili, na kwa macho yanafanana kama ulivyosema: nyuso mbili, ukingo mmoja. La kwanza linaitwa doma, neno la Kiyunani la nyumba au paa. La pili ndilo sfenoidi, yaani kitu mfano wa kabari. (Madaktari nao wana mfupa wa jina hilohilo, nyuma ya macho. Tuwaache nao.) Tofauti yao haiko kwenye sura, iko kwenye njia. Katika doma, uso mmoja ni taswira ya mwenzake kwenye kioo. Katika sfenoidi hakuna kioo. Unaugeuza uso nusu mzunguko, unakwenda kukaa pale mwenzake alipo. Sura moja, undugu tofauti. Fuwele ya njia moja na fuwele ya njia nyingine hazina tabia sawa, na mwanafunzi akizichanganya anafeli. Vitabu vingine vya siku hizi vimechoka, vinaziita zote jina moja. Kitabu chetu kinazitenganisha, kwa hiyo mimi siwezi kuchoka.

Nimependekeza "paa" kwa doma na "kabari" kwa sfenoidi. Nilichokuuliza ni kama mafundi wana neno jingine, wanalotumia kweli, ili nisibuni pale penye neno tayari.

Ili uone ninachosema, nimekuchongea vipande viwili vya sabuni ya kipande, nimevifunga kwenye kifurushi hiki. Tazama mikwaruzo niliyoichora kwa sindano. Kwenye kipande cha kwanza, mikwaruzo ya nyuso zote mbili imeelekea ncha moja ya ukingo, kama masikio ya punda. Kwenye cha pili mmoja umeelekea huku na mwingine kule, kama mume na mke waliolala wamenuniana. Sabuni ni ileile na sura ni ileile. Ni mikwaruzo tu inayosema ukweli.

Kamati inakaa tarehe 10 Aprili. Mjomba, nipo kwenye majaribio ya miezi sita hapa, na jedwali hili ni kazi yangu ya kwanza kusimamia peke yangu. Likipita vizuri nabaki. Likiharibika narudi nyumbani kumsaidia mama kukaa.

Msalimie mkazamjomba.

Mpwa wako

---

Karakana ya Mawe
24 Machi

Binti Kamusi,

Kifurushi kimefika. Sabuni nzuri, inatoa povu la heshima.

Nimevikagua vipande vyako. Nimevikagua kama ninavyokagua jiwe la ngazi: kwa jicho la kulia, kwa jicho la kushoto, kwa kidole gumba, kisha kwa kuvinusa. Na hukumu yangu ni hii: ni kitu kimoja. Nilimpa hata fundi wa msumeno mkubwa, yule asiyecheka. Akasema, "Nyundo, hapa kuna sabuni mbili." Basi. Huyo ni mtu asiyenipenda, na bado amekubaliana nami.

Nikajiuliza, kwa nini mtoto mwenye akili kama huyu anateseka? Nikaona ni kwa sababu unawaogopa wakubwa zako. Unao ukweli mkononi, huna wa kukusemea. Mjomba wa mtu ni nani kama si msemaji wake? Kwa hiyo nimemwandikia mwenyewe Mwenyekiti wa kamati yenu. Kurasa nne. Nimemweleza kwamba kwa niaba ya mafundi wote wa jiwe, walio hai na waliopumzika, neno ni moja, MGONGO WA TEMBO, kwa doma na kwa huyo mwenzake wa mafua. Nimemwambia sisi wa kazini hatuna muda wa kuita kitu kimoja majina mawili. Nimeweka sahihi na cheo.

Usinishukuru. Damu ni nzito kuliko maji.

Mjomba wako,
Nyundo, Fundi Mkuu, Mshauri wa Maneno

---

Ofisi ya Istilahi
12 Aprili

Mjomba,

Shikamoo.

Juzi Mama Mwenyekiti aliingia kikaoni na barua yako imekunjwa vizuri ndani ya bahasha ya plastiki. Aliisoma yote kwa sauti, kurasa zote nne, pamoja na pale ulipoeleza jinsi jiwe lilivyojigawa. Akavua miwani, akasema, "Miaka kumi na tisa nangoja fundi mmoja tu atuandikie. Sisi hapa tunabuni maneno kwenye viti vya kuzunguka, na wenye maneno wapo huko vumbini." Watu wakapiga makofi. Mimi pia nilipiga, mjomba. Ningefanya nini?

Nikanyoosha mkono nikasema, kwa heshima zote, maumbo ni mawili. Akaniuliza, "Wewe na Fundi Mkuu, nani ameshika jiwe?" Nikakaa.

Paa limefutwa, kabari imefutwa. Umepitishwa mgongo wa tembo kila mahali. Jana nimeletewa kurasa za kusahihisha. Naomba uketi kabla hujasoma, hata kama cheo chako hakiruhusu. Ukurasa wa 61 unasema: "Mgongo wa tembo hutofautiana na mgongo wa tembo kwa kuwa mgongo wa tembo una kioo, ilhali mgongo wa tembo hauna." Na mwisho wa sura, swali la saba: "Eleza tofauti iliyopo kati ya mgongo wa tembo na mgongo wa tembo. Toa mifano. (Alama 10.)"

Mhariri amezungushia wino mwekundu akaandika jina langu pembeni na alama ya kuuliza. Jina langu, si lako.

Uliitazama mikwaruzo? Naomba unijibu hilo tu, uliitazama? Nilitumia siku nzima ya mapumziko kuichora.

Kurasa zinakwenda kiwandani tarehe 3 Mei. Mama Mwenyekiti hanisikilizi mimi, anakusikiliza wewe. Mwandikie ulitengue neno lako. Mistari miwili inatosha.

Mpwa wako

---

Karakana ya Mawe
19 Aprili

Wewe mtoto,

Mikwaruzo gani? Mimi sikuona mkwaruzo wowote. Sabuni zako zilikuwa laini kama shavu la mtoto mchanga. Kama ulichora, basi sindano yako haina ncha. Au posta wameifuta, siku hizi watu hawana uaminifu.

Halafu unaniambia nitengue neno. Unajua unamwomba nani? Mimi nikishasema, jiwe lenyewe linaandika. Nikimwandikia Mama Mwenyekiti leo kwamba nimekosea, kesho atasema na lile jiwe jeusi halikujipanga. Keshokutwa mafundi watasema, "Nyundo ametengua." Mtu akianza kutengua hajui atakapoishia.

Na mimi sijaona kosa langu liko wapi. Nimeisoma barua yako ya sabuni upya, mara nne. Unasema vitu viwili, sura moja, tofauti ni njia, jinsi uso mmoja ulivyomfikia mwenzake. Mwanangu, mimi nikifika nyumbani nimefika. Nikipitia kwa fundi viatu nimefika, nikipitia kwa kinyozi nimefika. Mke wangu haniiti majina mawili kwa sababu nimepita njia mbili! Shule zenu zinafundisha kuchanganya watu, ndiyo maana wengine tulitoka mapema.

Waambie waandike mgongo wa tembo wa kwanza na mgongo wa tembo wa pili. Kwisha.

Mjomba wako

---

Nyumbani
20 Aprili

Mwanangu,

Ni mimi mkazamjomba. Naandika haraka, yeye ameenda kunyoa. Usisumbuke na sindano yako, haina kosa.

Sabuni zilipofika mjomba wako alikuwa ametoka kazini mweupe kwa vumbi kama mzimu. Akafungua kifurushi akasema, "Heri mtoto anayemkumbuka mjomba wake," akaingia nazo bafuni zote mbili. Moja ya kichwa, moja ya mwili. Barua ilibaki mezani. Aliisoma kesho yake, ndipo akakimbilia bafuni. Kilichokuwa kimebaki ni vibanzi viwili vinateleza. Alikaa navyo kizingitini anavikodolea macho, na mimi namwambia, "Mwandikie mtoto ukweli," yeye ananijibu, "Kimya, nakagua."

Njia ya mwongo ni fupi, lakini huyu wangu anaijengea madaraja.

Jana jioni tumezozana. Amekazana kwamba kitu kimoja hakiitwi majina mawili kwa sababu ya njia. Nikamuuliza, "Wewe na yule mdogo wake baba yake mtoto, mkisimama pamoja, nani atawatofautisha? Vipara viwili, vitambi viwili, uongo mmoja. Mbona wewe anakuita mjomba na yule anamwita baba mdogo?" Akasema, "Mimi nimepitia kwa mama yake, yule kapitia kwa baba yake, hata mjinga anajua." Nikamwambia, "Basi rudia hilo ulilosema, taratibu." Chakula hakumaliza.

Mimi fuwele sizijui. Lakini nadhani ndicho unachosema?

Mkazamjomba wako

---

Ofisi ya Istilahi
26 Aprili

Mjomba,

Shikamoo. Mkazamjomba ameniandikia. Usimgombeze.

Sina hasira na sabuni. Sabuni ni ya kuogea, nilipaswa kuchonga mbao. Kinachoniuma ni kwamba ulijua. Ulikaa na vibanzi viwili visivyo na alama, ukajua huoni nilichokutumia, na bado ukamwandikia mkubwa wangu kurasa nne kwamba umeona.

Maneno ya mkazamjomba kuhusu mjomba na baba mdogo nimeyaandika kwenye karatasi, nikampelekea Mama Mwenyekiti. Nilimwambia ndivyo tutakavyowaeleza wanafunzi: lugha hii tayari inajua kumpa mtu jina kwa njia ya undugu, si kwa sura. Alitabasamu. Kisha akasema, "Ni mfano mzuri sana, binti, lakini siwezi kulifuta neno la fundi kwa mfano wako. Fundi mwenyewe anasemaje?"

Fundi mwenyewe anasemaje, mjomba? Zimebaki siku saba. Mhariri ameshaniuliza kama nina mpango wa kazi nyingine baada ya Mei.

Sitakuomba tena. Sikuandikii tena kuhusu jambo hili.

Mpwa wako

---

Benchi la korido, nje ya mlango wako
2 Mei

Kwa Mama Mwenyekiti,

Baada ya salamu. Mimi ndiye Nyundo wa kurasa nne. Nimekuja mwenyewe kwa sababu posta ingechelewa, na karani wako wa mlangoni ananiambia una kikao, kwa hiyo nakuandikia hapahapa, karatasi nimeiweka juu ya goti. Ukiona herufi zinapanda mlima, si ulevi, ni goti.

Nimekuja kutengua. Mgongo wa tembo si neno letu la jiwe. Ni neno la mapaa. Nililisikia kwa waezekaji walipokuwa wanatengeneza bati la karakana, nikalipenda, nikalichukua. Wenyewe wakisikia nimeliingiza chuoni watanidai tembo wao.

Lile jiwe jeusi lilipasuka vipande vitatu. Hilo si muhimu kwa kazi yenu, lakini nimeanza na bora nimalize. Mafundi ni tisa. Na Fundi Mkuu yupo, ni mtu mwema, anaendesha msumeno mkubwa na hacheki. Mimi ndiye ninayemwagia maji msumeno wake usiungue. Ni kazi ya maana, usione hivyo. Maji yakikatika kwa dakika mbili, jino lote limekwenda.

Kuhusu vile vipande vya sabuni, mpwa wangu alivichora sawasawa. Mimi niliviogea. Sikuona alichochora, nikasema nimeona. Maneno yake ni ya kweli: vitu viwili vinaweza kuwa na sura moja na visiwe kitu kimoja. Nimelifikiria jambo hili wiki mbili, na kumwagia maji kunampa mtu nafasi ya kufikiri. Mtu akisimama mbele ya kioo, yule wa ndani akiinua mkono ni mkono wa upande wa pili. Lakini watu wawili wakizunguka mduara wa ngoma, kila mmoja akifika pale alipokuwa mwenzake, mkono wa kulia bado ni wa kulia. Kwa mbali utasema ni jozi ileile. Basi moja iwe paa na nyingine kabari, kama alivyosema yeye tangu mwanzo, kabla sijaanza kumsaidia.

Amepita hapa sasa hivi amebeba mafaili. Alisimama. Nikamwambia, "Binti Kamusi, nisalimie basi." Akasema, "Shikamoo mjomba," kwa sauti ya mtu anayelipa faini. Akaenda. Hatua kama kumi akarudi, akatazama karatasi hii pale juu, paliposema kutengua. Ameniachia kalamu yake kwa sababu yangu ilikuwa inakata, na ameniambia neno "istilahi" nimelikosea kwenye bahasha. Nimelirekebisha.

Nakuomba usimfukuze kwa ajili ya mdomo wangu. Huyu binti akikwama kwenye neno haoni haya kuuliza. Anauliza hata wamwaga maji.

Kabla karani wako hajaniita, liko jambo moja dogo. Jiwe la namna ile, lenye nyuso mbili na ukingo, lipo kwetu. Linatoka kila siku, pembeni mwa mawe mazuri. Mpwa wangu aliniuliza tunaliitaje. Mimi niliishia darasa la tano, na tangu siku ile hapakuwahi kutokea mtu wa kuniuliza maana ya neno lolote. Nilikaa na barua yake siku mbili mfukoni. Nikaona haya kumjibu kwamba jiwe lile halina jina, kwa sababu huwa tunalitupa.

Ni mimi,
Nyundo, mmwaga maji